Sarufi ya Ndoto za Nyumba Yetu

Magadi,
Jumapili, baada ya kanisa

Mke wangu Robi,

Nakusalimu wewe kwanza, halafu mtoto aliye mgongoni mwako, halafu baba yako na wote walio katika boma hilo. Mmeamkaje? Mtoto ananyonya? Umepata hata kausingizi kadogo tangu ufike kwenu? Mimi nakula, natembea, nakwenda kazini, kwa hiyo nikisema ni mzima sitakuwa nimedanganya. Lakini uzima wenyewe hauna ladha, kama ugali uliokosa mboga.

Barua hii siipeleki Homa Bay kama zile nyingine. Naituma kwa duka la Mzee Salim pale Migori mjini, kwa sababu nakumbuka shemeji yangu Chacha hununua chumvi na mafuta ya taa hapo, na Mzee Salim si mtu wa kukaa na barua ya mwenzake bila kuulizia mwenyewe yuko wapi. Isome mwenyewe. Huna haja ya msomaji, na ndiyo maana tangu mwanzo tuliandikiana Kiswahili, wewe ukiacha Kikuria chako mlangoni na mimi Kijaluo changu, tukakutana katikati. Siku hizi naona kwamba wewe mwenzangu ndiwe uliyeacha zaidi. Kijaluo ulijifunza ukakijua. Mimi Kikuria najua kusalimu tu, tena nikisalimu shangazi zako wanacheka.

Ndugu yangu Odhiambo ameniandikia. Anasema ulifunga vitu vyako asubuhi, ukamwogesha mtoto, ukamuaga mama yangu kwa heshima zote, ukapanda basi la Rongo ukielekea kwenu. Mama alikuita kutoka mlangoni, "Mama Abonyo! Mama Abonyo, unatupelekea wapi mtoto?" nawe hukugeuka. Kisha Odhiambo akaongeza kwa ule mwandiko wake wa kuku: "Kaka, tangu mtoto apewe hilo jina, tukimwita mama yake nalo haitiki. Tulidhani ni masikio." Mama anataka nikuandikie kwa ukali, nikuamuru urudi kabla watu hawajaanza kusema. Nimejaribu. Nimekaa na karatasi mbele yangu nikiutafuta huo ukali, sikuupata. Kila nikianza kukugombeza, naona anayestahili kugombezwa ndiye aliyeshika kalamu.

Huku joto limezidi. Ziwa la hapa ni jeupe tupu, ni magadi, ukilitazama mchana macho yanauma. Halina samaki wa kwetu, ngege wala omena, wala hata chura, na wale ndege wekundu wa miguu mirefu ndio wanaojua wanachokula humo. Mtu wa Homa Bay akiambiwa na hili nalo ni ziwa, anadhani anafanyiwa mzaha. Mimi nashinda penye mizani naandika magunia yanayoingia kwenye mabehewa, na jioni kope zimekuwa nyeupe kama za mzee. Nyumba zetu za bati hazilaliki kwa joto, kwa hiyo sote tunalala nje, vitanda vimepangwa kando ya ukuta, Mkamba karibu na Mjaluo, Mjaluo karibu na Mtaita. Na watu wakilala hivyo, asubuhi kwenye chai hawakosi kuulizana wameota nini.

Nami unanijua. Mtu aliyewahi kufundisha darasa la tatu, hata kama alifundisha bila cheti, hawezi kunyamaza akisikia watu wanabahatisha. Nikawafundisha sarufi yangu ya ndoto. Wewe umeisikia mpaka ukawa unasinzia katikati, lakini nairudia hapa kwa sababu leo ndiyo kesi yenyewe, na mshtakiwa lazima asomewe mashtaka.

Nilikuwa nikisema hivi. Ndoto za watu wa nyumba moja si ndoto nyingi. Ni sentensi moja iliyokatwakatwa, kila mlalaji akapewa kipande chake, ndiyo maana ukiishika ndoto ya mtu mmoja peke yake haikuambii kitu. Mzee wa nyumba hupewa mtu, yaani nani amekuja. Aliyeolewa katika nyumba hupewa mahali. Aliye mbali na nyumba hupewa kitendo, yaani huyo aliyekuja anataka nini kifanyike. Tena katika lugha hiyo hakuna jana, na kwa sababu hiyo marehemu huja akiwa mzima, hana kikohozi wala mkongojo. Na hakuna neno la kukataa. Marehemu akitaka kukataa, hukupa mgongo.

Usiniambie nilikuwa mjinga tangu mwanzo, maana sarufi hiyo iliwahi kutuokoa nawe ni shahidi. Ulikuwa bibi arusi mpya. Mwaka ule ziwa letu lilipopanda, kabla hatujajua kwamba litapanda, mama alimwota marehemu baba amesimama tu, hasemi. Wewe ukaota ghala letu la mtama, lile lililokuwa kando ya maji. Mimi huku nikaota nainua mzigo mpaka nikaamka mabega yakiuma. Nikaviunganisha vipande, nikaandika kwamba baba anataka ghala lihamishwe. Odhiambo alinicheka, lakini mama akawasimamia vijana wakaling'oa zima zima, wakalibeba mpaka juu kwenye mawe. Maji yalipokuja yalijaa pale pale lilipokuwa. Majirani walikuwa wanavua kambare katika mashamba yao ya mahindi, sisi tunakula mtama mkavu. Watu walianza kumtuma mtoto kwa mama, "Muulize mwalimu wa Magadi, nimeota hivi na hivi." Kichwa changu kilivimba siku hizo, wala hakijawahi kupungua tena mpaka juzi.

Kisha Mungu akatupa binti, mimi nikiwa huku.

Kwetu, kama ulivyokuja kujua, jina la ubatizo halitoshi. Kuna jina la marehemu anayetaka kukumbukwa. Atakuja katika ndoto kuliomba, au mtoto atalia asinyamaze, na wanawake wazee wa boma watamwitia majina ya waliotangulia, moja baada ya jingine, mpaka lifike lile litakalomtuliza. Ni kazi yao, nao huifanya mtoto akiwa mikononi, wanamtazama macho, wanamtazama mdomo. Mimi nikaona hao wanachelewa. Nikaona mtu mwenye sarufi kama yangu anaweza kuifanya kazi hiyo kwa posta. Nikawaandikia, kila mtu aniletee ndoto yake.

Mama aliota shangazi yangu Abonyo, dada ya baba, anakatiza uani kuelekea langoni na kikapu kichwani. Wewe ukaota mama yako. Naandika maneno yako kama yalivyo, kwa sababu nimeyasoma mpaka nayajua: "Nimeota mama. Ameketi nyumbani kwangu karibu na mafiga, amempakata mtoto. Ananiangalia usoni." Mimi niliota mikono ya mwanamke inamwogesha mtoto mchanga, amemlaza juu ya miguu yake iliyonyooshwa, maji yanachuruzika mchangani.

Mama yako alikuwa amezikwa miezi michache tu kabla, mimba yako ikiwa bado changa. Sikuja kumzika. Nilituma rambirambi, nikafikiri karatasi imekwenda kwa niaba ya miguu yangu. Ulilia peke yako kati ya watu wasiomjua uliyekuwa ukimlilia. Nadhani hata hukumaliza kulia, maana kulikuwa na mtama wa kuvuna, na kwetu mke akilia sana watu huuliza amekosa nini.

Basi nikachukua ndoto tatu hizo nikazisahihisha kama daftari la darasa la tatu. Nani? Abonyo, kwa kuwa mama ndiye anayepewa mtu. Wapi? Nyumba ya Robi, karibu na mafiga. Nini? Kumwogesha mtoto, yaani kumpokea. Mtoto aitwe Abonyo. Na mama yako nilimweka wapi? Nilikuandikia hivi, kwa mkono huu huu: "Mke hupewa mahali tu. Huyo mama uliyemwona si mtu katika sentensi hii, ni alama ya jikoni." Robi, mama yako alitoka kaburini akaja kukutazama uso kwa uso, mimi nikamfanya mafiga.

Ulinijibu mstari mmoja. "Lakini aliniangalia usoni, mume wangu." Mtu mwenye akili angesimama hapo. Mimi nilikujibu kwa somo la kurasa mbili, na mwishoni nikakupigia mstari chini ya neno mahali.

Mtoto akaitwa Abonyo, akaanza kulia. Odhiambo ameniambia mengi ambayo wewe hukuniandikia. Wanawake wazee walikuja, wakamwitia majina ya bibi zangu wote, mpaka wale ambao hata baba yangu hakuwaona. Mtoto alilia tu. Ukauliza kwa adabu, "Mama, naweza kumwitia mmoja wa kwetu?" Mama yangu akakujibu, "Mwenye nyumba ameshaandika." Usimlaumu mama. Hakukujibu kwa ubaya. Alikuwa na barua yangu kifuani, nayo ilikuwa ndefu, na mama huamini kitu kirefu. Neno lile lilikuwa langu kinywani mwake.

Sasa nikueleze kilichotokea hapa. Ilikuwa asubuhi, tunakunywa chai. Mutua, yule Mkamba wa reli niliyekuambia anapenda mbuzi kuliko watu, akanigeukia.

"Mwalimu, mimi nimeota mjomba yangu marehemu. Namwambia, nipatie mbuzi moja tu. Yeye anaenda tu. Hiyo sasa ni nini?"

"Alikuangalia?"

"Wapi! Mgongo tu naona."

"Basi amekataa," nikamwambia. "Ni kanuni. Marehemu hana neno la hapana. Akikupa mgongo amekataa, kama vile..."

Nilikuwa natafuta mfano. Unajua mimi na mifano. Na mfano uliokuja mdomoni, wenyewe, bila kuitwa, ni wa shangazi Abonyo anayekwenda langoni na kikapu chake.

"Kama vile nani?" Mutua akauliza. "Mwalimu, kama vile nani?"

Nikasema chai ni moto. Ilikuwa imepoa. Wenzangu walicheka wakidhani nimesahau somo, wakaendelea na habari za mbuzi, nami nikaenda penye mizani nikaandika magunia ya mtu mmoja kwa jina la mwingine, mpaka msimamizi akaniuliza kama nina malaria.

Ningependa kukuambia kwamba siku hiyo ndipo nilipogundua. Si kweli. Mgongo wa shangazi niliuona tangu mwanzo. Mama aliandikisha wazi kabisa, "uso wake sikuuona." Nilisoma hapo nikapita haraka, kama mtu anayepita mbele ya nyumba ya anayemdai. Kwa nini? Moja, nilimtaka. Shangazi Abonyo alinilea mama alipougua muda mrefu, alinipeleka shule kwa kunivuta sikio, na nikisikia jina lake huwa nasikia kama niko nyumbani. La pili ni baya zaidi. Niliogopa watu. Niliogopa nisikie kule sokoni Homa Bay wakisema mtoto wa kwanza wa Ouma amepewa jina la Kikuria, ukoo wa kwao umekwisha majina? Niliona haya kwa ajili yako, Robi, wewe ambaye hukuwahi kunionea haya mimi mbele ya watu wako, hata siku ile niliposhindwa kula chakula chao. Ndivyo ilivyokuwa. Sarufi niliipindisha ili inifiche.

Umeishi kwetu ukiitwa Nyar Migori. Najua kwa Wajaluo ni heshima kumwita mke binti wa mahali alikotoka. Lakini nikijumlisha sasa, naona tulikuwa tumekugeuza mahali kabla hata sijakuandikia hivyo.

Na ile mikono niliyoiota? Shangazi Abonyo alituogesha sisi tukiwa tumesimama ndani ya karai, huku akitufokea. Sijamwona akimlaza mtoto juu ya miguu yake hata mara moja. Aliyefanya hivyo ni mama yako, siku tuliyokuja kuposa. Alikuwa ameketi nyuma ya nyumba na mtoto wa Chacha, amenyoosha miguu, anamwogesha polepole na kumwimbia, na aliponiona nimechungulia alicheka akajifunika uso kwa sababu mkwe hapaswi kumwona hivyo. Kwa hiyo hata kipande changu kilikuwa chake. Mtu, mahali, kitendo, vyote ulipewa wewe siku ya kwanza katika mistari mitatu, na mimi huku nikawa nakusahihisha.

Nimefanya haya. Nimemwandikia mama, barua fupi, nikamwambia jina lile nimeliondoa, kosa ni langu na wala si la mke wangu, na atakayesema lolote sokoni aambiwe aje Magadi aniulize mimi. Najua atalia. Abonyo alikuwa wifi yake na walipendana. Nimemwomba Odhiambo amsomee taratibu, akimaliza akae naye. Nimeomba likizo pia, na karani mkuu amekubali nitoke mwezi utakapokwisha. Sitapitia Homa Bay. Odhiambo atanisubiri Rongo, kwa kuwa mtu haendi ukweni peke yake kama mwizi, halafu tutakuja moja kwa moja kwenu. Nitaomba nipelekwe alipozikwa mama yako kabla sijapewa maji ya kunywa. Baba yako akinigombeza, acha anigombeze. Akinyamaza nitajua ni vibaya zaidi.

Sikuamuru urudi. Sikuombi hata urudi, bado sina uso wa kuomba. Ukitaka nikae nje kwanza, nitakaa nje, nimezoea kulala nje.

Wala sikuahidi kwamba mtoto atanyamaza. Huenda ni tumbo, huenda ni sikio, na ukiona homa mpeleke hospitali, usingoje ndoto ya mtu, yangu hasa. Lakini hata kama angekuwa halii kabisa, angekuwa mtoto mtulivu kuliko wote wa ziwa zima, jina la mama yako lingekuwa haki yake. Usisubiri nifike. Waambie wanawake wa kwenu wamwite, akiwa mikononi mwako, kwa sauti. Nawe kuanzia hapo nitakuita mama wa jina hilo, mbele ya mama yangu, mbele ya soko zima.

Nisalimie sana baba yako, mkwe wangu, aliyesema siku ya posa kwamba Mjaluo huyu anaongea mno. Mwambie alisema kweli. Nisalimie shemeji Chacha, na umshukuru kwa kuibeba barua hii. Nisalimie mke wake, aliyenipikia tena peke yangu siku ile bila kunitangaza. Nisalimie bibi yako mzaa baba, kama bado anaona, na kama haoni mshike mkono kwa niaba yangu. Mtoto mbusu kichwani pale panapodunda.

Nilikusudia kumalizia salamu kwa mama yako, pale alipolala, kwa jina lake, ili kwa mara ya kwanza liandikwe kwa mkono wangu. Nimeinua kalamu, nimekaa, jua limehama kutoka upande mmoja wa meza mpaka wa pili. Kwa heshima ya mkwe sikuwahi kumtaja. Mimi nilimwita Mama, ninyi mlimwita Mama, majirani walimwita Mama Chacha, na katika ile rambirambi niliandika "marehemu mama yetu" nikaona inatosha. Robi, nataka binti yangu aitwe jina la mama yako, na jina lenyewe silijui. Hapa Magadi hakuna wa kumuuliza. Niandikie.

Mimi mumeo,
Ouma